Amri Isiyohitaji Askari

Mwanzoni mwa mwaka 2019 sheria iliihamishia Gitega makao makuu ya siasa ya Burundi, Bujumbura ikabakiwa na biashara yake. Lakini Buyenzi, mtaa wa Bujumbura, hakuna ukuta uliosogea. Nyumba za Waswahili, ambazo ramani yake ililetwa na wageni waliopitia Ujiji, zinaendelea na kazi ile ile: baraza la kukalia jioni, ukumbi unaopasua nyumba katikati, vyumba huku na huku, na ua nyuma. Fungua mlango wa mbele na wa uani, upepo wa Ziwa Tanganyika unapita moja kwa moja. Fundi aliyeanza kupanga hivyo hatumjui jina, ila amri yake inatiiwa kila siku ya joto bila askari.

Zanzibar palikuwa na mtu aliyeshika kalamu zote mbili, ya kuchora na ya kutawala. John Houston Sinclair, Mwingereza aliyesomea usanifu majengo, alifika Afrika Mashariki mwishoni mwa karne ya 19 akaingia utumishi wa serikali ya kikoloni. Alipanda vyeo, na mwaka 1922 akawa Balozi Mkazi wa Uingereza Zanzibar. Kwa cheo hicho alikuwa na kiti katika Baraza la Himaya, lililoongozwa na Sultani Khalifa bin Harub. Hakuna Mzanzibari aliyempigia kura. Himaya ilikwisha Desemba 1963, na cheo hicho kikaenda nayo; usultani ukaanguka Januari 1964.

Majengo aliyoyachora yakabaki. Mombasa lipo Kanisa Kuu la Kianglikana, lenye kuba kana kwamba ni msikiti. Vuga, mjini Zanzibar, lipo jengo la Mahakama Kuu, na hatua chache kutoka hapo ipo Beit el Amani, makumbusho yaliyokamilika mwaka 1925, yeye akiwa ameshaondoka madarakani. Si kila alichochora kilitoka Zanzibar. Makuba yake yana Istanbul zaidi kuliko Mji Mkongwe, maana Waswahili na Waarabu wa Unguja hawakuwa na desturi ya kuezeka kuba juu ya nyumba. Alichokipatia ni kivuli: kuta nene, matao, na varanda zinazozuia jua lisifike chumbani.

Hata hivyo Balozi hakukoroga chokaa. Ustadi huo ulikuwa wa mafundi. Mawe ya matumbawe hupangwa juu ya tanuri la magogo, yakachomwa mpaka yakawa meupe na mepesi, kisha yakamwagiwa maji na kuachwa muda mrefu yapoe na kulainika. Chokaa iliyokomaa huchanganywa na mchanga, hupakwa, hupigwapigwa kwa ubao. Uzuri wake ni kwamba inaupa ukuta nafasi ya kupumua: unyevu unaoingia masika unatoka kiangazi. Anayekarabati kwa saruji akidhani anaimarisha huufungia unyevu ndani, na baada ya miaka jiwe huanza kumong'onyoka nyuma ya plasta iliyo ngumu kama chuma. Fundi wa chokaa analijua hilo kwa kiganja chake kabla mhandisi hajalipima.

Ndiyo maana naupa usanifu heshima kuliko cheo. Mtunga sheria akikosea, gharama hulipwa na watu asiowaona, naye hupata maelezo ya kutoa. Msanifu akikosea, chumba kinavuja mbele ya mwenyewe. Sinclair alikuwa mtawala asiyechaguliwa, lakini kwenye ubao wa kuchorea alilazimika kulitii jua la Unguja, mvua yake na mikono ya mafundi wake. Katika Baraza la Himaya hakuna mpigakura aliyeweza kumlazimisha kutii.

Huku kwetu Bujumbura, nyumba zinazidi kujengwa kwa mabati ya chini na madirisha madogo, kwa sababu ndivyo bei inavyotaka. Wanaotunga kanuni za ujenzi wa mji wetu wangeanza kwa kupanga nyumba moja ya vyumba vinne Buyenzi, kwa pesa ya mkazi wa kawaida, kisha wakalala humo Septemba nzima. Kanuni itakayoandikwa Oktoba itakuwa fupi, na itataja upepo.