Aina ya Ndege: Upungufu Mmoja wa Kamusi Zetu

Mtu akifungua kamusi ya Kiswahili kutafuta maana ya jina la ndege asiyemjua, mara nyingi atajibiwa kwa maneno matatu tu: aina ya ndege. Jibu hili si kosa, lakini halimsaidii kitu, kwa kuwa alijua hivyo kabla ya kufungua kitabu.

Siandiki haya kwa kudharau kazi ya waliotutangulia. Frederick Johnson na Kamati ya Lugha walipotoa kamusi yao ya mwaka 1939, shabaha yao ilikuwa kusanifisha lugha, na ndege hawakuwa shughuli yao kubwa. Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ilitoa Kamusi ya Kiswahili Sanifu mwaka 1981, na mwaka 2015 Baraza la Kiswahili likatoa Kamusi Kuu. Kila moja iliongeza hazina yetu. Hata hivyo mtindo huu wa kueleza jina kwa jinsi yake tu haujakoma, nao unawaumiza zaidi ndege wa misitu ya bara kuliko wale wa pwani, maana watungaji wa kwanza walikusanya maneno yao hasa pwani.

Nilikuwa Lupepo, wilayani Rungwe, nilipoujua ubaya wa jambo hili. Nilimweleza mzee mmoja habari za ndege niliyemwona katika msitu wa mlimani, nikasema alikuwa na rangi nyingi nzuri. Mzee akaniuliza: “Mwanangu, alikuwa ametua au anaruka? Alikupa mgongo au kifua? Alilia namna gani?” Sikuweza kujibu vema. Lakini niliona kwamba maswali hayo matatu ndiyo ambayo kamusi zetu haziyaulizi.

Maana rangi peke yake hudanganya. Tumtazame shorobo wa kijani. Akitua kati ya majani haonekani kwa urahisi. Akiruka, mabawa yake hutokea mekundu sana, hata mtu adhani ni ndege mwingine. Wekundu huo ni wa rangi halisi yenye madini ya shaba ndani yake. Tena yuko trogoni wa milimani, Apaloderma vittatum, ambaye dume lake lina mgongo wa kijani na tumbo jekundu. Ndege huyu hukaa kimya muda mrefu, na mara nyingi humpa mtazamaji mgongo, hivyo wekundu wake hufichika. Ndugu yake, Apaloderma narina, anafanana naye mno. Hutambulikana hasa kwa upande wa chini wa mkia, ambao kwake ni mweupe, na kwa yule wa milimani una mistari myembamba myeusi na myeupe. Basi kusema “ndege mwenye tumbo jekundu” ni kuwachanganya wawili kuwa mmoja.

Hapa lugha yenyewe nayo ina neno lake. Vivumishi vya asili vya rangi katika Kiswahili ni vitatu tu: -eupe, -eusi na -ekundu. Nyingine zote tumezipata kwa kutaja vitu au kwa kukopa: kijani kutoka jani, kijivu kutoka jivu, manjano kutoka bizari. Huu si umaskini. Ni utaratibu wa kulinganisha, na mtunzi wa kamusi angeweza kuutumia vizuri, akataja kitu ambacho kila msomaji amekiona. Anapouacha na kuandika “rangi za kupendeza”, amesifu ndege bila kumweleza.

Jambo la pili ni tafsiri. Vitabu vya elimu ya viumbe hutaja motmoti, ndege wa misitu ya Amerika tangu Meksiko hadi Ajentina, mwenye mkia unaoishia kwa vipande viwili kama makasia madogo. Nimesikia shauri kwamba aitwe keremkerem, kwa sababu wako katika oda moja, na wote wawili huchimba mashimo katika kingo za udongo ili kutaga. Silikubali shauri hilo. Mdiria naye yumo katika oda hiyo hiyo. Je, naye aitwe keremkerem? Ndege wa mbali na aje na jina lake, motmoti, kisha aelezwe kwa kulinganishwa na hao tunaowajua.

Lakini ndege wa kwetu wasiletewe majina kutoka mbali. Wako ndege wa nyanda zetu za juu wanaoitwa kwa jina la Fülleborn, daktari Mjerumani. Jina hilo lamtukuza mtu. Juu ya ndege halisemi lo lote. Mfano ulio bora tunao hapo hapo Rungwe. Kima aliyetambuliwa na wataalamu mwaka 2003, akatangazwa mwaka 2005, alikuwa akijulikana na Wanyakyusa kwa jina la kipunji, na ulimwengu ukalipokea jina hilo. Limeingia katika Kiswahili bila taabu: twasema kipunji amekula, vipunji wamekula. Kiambishi ki- kimekuja nalo, na upatanisho umefuata kanuni yetu ya viumbe wenye uhai.

Kwa hiyo natoa shauri kwamba kila jina la ndege katika toleo lijalo la kamusi lielezwe kwa mambo manne: umbo na mahali rangi ilipo, mwendo, sauti, na makazi, kisha jina la kisayansi lifuate. Shorobo wa kijani, kwa mfano, angeelezwa hivi: ndege wa msituni mwenye kishungi na mkia mrefu, mwili wa kijani, mabawa huonekana mekundu akiruka, hukimbia juu ya matawi na hupenda matunda. Pale Kiswahili kinapokosa jina, tuulize kwanza Kinyakyusa, Kihehe, Kisambaa na lugha nyingine jirani za misitu. Wazee wenye majina hayo wanapungua, na mzee wa Lupepo aliyeniuliza maswali matatu hajapata bado kuulizwa na mtunzi wa kamusi hata swali moja.