Usiangalie Goli, Angalia Nyasi

Ile video ya goli la kisigino kwenye gemu ya soka ya PES inayozunguka magrupuni wiki hizi imenichosha. Kila ninayekutana naye ananinyooshea simu na kuniuliza kama nimeuona ubora. Nimeuona. Nimeona jina la mwenye video likiwaka moto sekunde nane nzima kabla mpira haujaguswa. Nimesikia muziki uliomeza watangazaji, mashabiki na filimbi ya refa. Nimeona uso wa kijana umebandikwa juu ya rada, kwa hiyo winga wake anatokea kusikojulikana. Pembeni imeandikwa 4K. Na nyasi zimekuwa uji.

Goli lenyewe zuri, sikatai. Lakini goli amefunga mchezaji, na hapa tunampa kombe mrekodi. Hizo ni kazi mbili, hata kama mikono ni ya mtu mmoja, na wengi wanaosifu hawajawahi kuitazama ile ya pili.

Yaliyo mepesi tuyapite upesi. Resolusheni isikutishe. YouTube wenyewe hupendekeza megabiti 12 kwa sekunde kwa video ya 1080p yenye fremu 60, na kwa 4K ya fremu 60 wanataka kati ya 53 na 68. Aliyerekodi kwa megabiti 6 kisha akaivuta video hadi 4K hajaongeza kitu ila muda wa kupakia na bando la watu. Wapo mafundi wanaovuta 1080p hadi 1440p kabla ya kupakia, na hao nawaelewa: chaneli ndogo ikipakia 1080p mara nyingi hupewa kodeki ya H.264, ikipakia 1440p hupewa VP9, na VP9 inaitendea haki picha. Nyeusi iwe nyeusi. Rekodi iliyochanganya masafa kamili na finyu ya rangi hupauka, na mpauko huo hauponi kwa kuongeza mwanga. Na kama umejitengenezea jezi za Simba na Yanga kwenye sehemu ya kuhariri timu, rekodi ukicheza na Simba. Kijani cha Yanga juu ya nyasi huficha dhambi nyingi. Nyekundu haifichi: mfumo wa 4:2:0 hupunguza rangi kabla ya kitu kingine chochote, na ukingo wa jezi nyekundu ndipo utakapoona imevuja.

Sasa twende penyewe. Beki wa kushoto anabadilisha upande, mpira mrefu kwa winga wa kulia. Kamera inaufuata. Kwa muda huo mfupi hakuna kinachotokea: mpira uko hewani, mtazamaji anapumua, mwenye video anatamani aikate. Hapo ndipo pa kukodolea macho. Kamera ikiwa imetulia, enkoda, ile inayobana picha, hunakili nyasi za fremu iliyopita na kushughulika na wachezaji tu, kwa hiyo hata bitireti ya kimaskini hupendeza na hata mzembe huonekana fundi. Mpira mrefu ukipigwa, uwanja mzima unahama kwa pamoja, mistari, mabango, kivuli cha jukwaa, kila unyasi. Biti hazitoshi. Cha kwanza kutupwa ni unyasi, kwa sababu enkoda inaamini hakuna anayeutazama. Kwa watazamaji wetu wengi inaamini sawasawa.

Angalia kwanza kama nyasi zinapumua. Zinakuwa kali ghafla, zinayeyuka taratibu, kisha zinakuwa kali tena, kwa mapigo yasiyobadilika. Ukishaiona mara moja hutaweza kuacha kuiona, na nakuonya kwamba video nyingi ulizozipenda zitaharibika machoni mwako. Huo ni ugonjwa wa waliorekodi kwa mipangilio ya kurusha mubashara: CBR, yaani bitireti isiyobadilika, tena ndogo, fremu kuu kila sekunde mbili. Fremu kuu inapoingia, nyasi zinazaliwa upya. Fremu zinazofuata hazina cha kuzilisha. Mubashara hilo linasameheka, maana intaneti ina kikomo chake. Ila unarekodi kwenye diski yako mwenyewe, hakuna anayekupimia, na bado unajinyima? CBR ni ya kurusha. Kurekodi ni CQP au CRF, zinazoshikilia ubora badala ya bitireti, basi.

Kisha angalia mstari wa pembeni. Ifungue rekodi kwenye VLC na ubonyeze E, fremu moja moja. YouTube simamisha video na utumie kitufe cha nukta. Kamera inapofuata mpira mrefu, mistari na mabango yanatakiwa kusogea kwa hatua zinazolingana, au zinazoongezeka na kupungua kwa utulivu kamera inapoanza na kusimama. Rekodi mbovu haifanyi hivyo. Mstari unasogea, unasogea, unasimama, halafu unaruka hatua mbili kwa mpigo. Ukiitazama kwa kasi ya kawaida huwezi kusema tatizo ni nini. Unahisi tu kwamba picha inasuasua, macho yanachoka, na unalaumu simu yako.

Mara nyingi sababu ni hesabu. Skrini ya herzi 144, gemu inakimbia fremu 144, rekodi inachukua 60. Gawanya: 2.4. Hakuna fremu mbili na nukta nne duniani, kwa hiyo mara nyingine inaruka mbili na mara nyingine tatu, na mstari unakuwa mlevi. Aliyenunua skrini ya bei mbaya anarekodi vibaya kuliko mwenye skrini kuukuu ya herzi 60! Ifunge gemu kwenye 60, au 120 kama kiburi hakikuruhusu kushuka, na ufungue dirisha la takwimu la OBS, programu ya kurekodia, wakati unacheza. Likionyesha fremu zilizokosekana, hata moja, rekodi hiyo ni ya kumwonyesha mama.

Namjua fundi mmoja wa Magomeni ambaye haanzi kurekodi mechi kabla ya kuingia uwanja wa mazoezi. Anapiga mpira mrefu kushoto kwenda kulia, kisha kulia kwenda kushoto, hana habari na goli. Anaurekodi upuuzi huo, anasogeza fremu moja moja akihesabu kwa kidole kwenye kioo, anafuta, anafunga programu zinazokula prosesa, anarudia. Wadogo zake wanamwona kichaa. Lakini mechi zake ukizitazama unaweza kusoma mabango ya matangazo mpira ukiwa hewani, na mtu wa kompyuta ya kawaida kabisa, yenye kadi ya grafiki iliyopita mikono mitatu, hana tena cha kusingizia.

Mstari huohuo wa pembeni ndio unaowaumbua matapeli. Kuna kijana aliyesifika kwa mikono myepesi, chenga tatu ndani ya sekunde moja. Alikuwa anapunguza kasi ya mchezo kwenye mipangilio, anacheza kwa raha zake, kisha anaiharakisha video wakati wa kuhariri. Watangazaji wangemsaliti, kwa hiyo akawazima na kuweka muziki. Akasahau mstari. Video ya fremu 60 ikiharakishwa kwa robo, fremu moja kati ya kila tano inatupwa, na mstari unaruka mara moja kwa mpangilio usiokosea: hatua, hatua, hatua, ruka. Gemu haisuasui kwa mpangilio huo. Alipoonyeshwa alisema ni kompyuta yake. Kompyuta inayokwama kwa robo kamili ningependa kuinunua.

Wakubwa nao wamewahi kuhukumiwa kwa fremu ambazo hakuna aliyezijali. Mwaka 2018 Twin Galaxies, wanaotunza rekodi za magemu, waliondoa alama za Donkey Kong za Mmarekani Billy Mitchell. Mjadala ulianzia kwenye fremu chache za mpito, pale ngazi mpya inapojichora kwenye skrini: mashine halisi huichora kwa namna moja, emuleta, programu inayoiigiza, kwa namna nyingine. Twin Galaxies walihitimisha kwamba kanda mbili za alama hizo hazikutoka kwenye mashine halisi isiyobadilishwa. Mitchell alikana, akafungua kesi, na mwaka 2024 walimalizana, alama zake zikarudishwa kwenye kumbukumbu ya kihistoria. Mimi si hakimu wa kesi hiyo. Ninachosema ni kwamba watu waliitazama mihimili ya ngazi ikichorwa wakati dunia nzima inamtazama sokwe wa gemu.

Zamani adabu ya kurekodi ilikuwepo kwa sababu ya dhiki. Programu ya Fraps ya bure ilikupa sekunde 30 na kukugongea anwani yake juu ya picha. Ya kulipia ilikata faili kila gigabaiti nne, na gigabaiti nne ziliisha kabla ya kipindi cha kwanza kwisha. Ile namba ya fremu, ya njano kwenye kona, ikigeuka nyekundu ulikaa sawa kwenye kiti. Hukurekodi kwa saa tatu ukitumaini kitu kitatokea. Ulijua unachotaka, ulibonyeza, ulicheza. Leo kuna programu zinazohifadhi sekunde 30 zilizopita baada ya goli kuingia, na matokeo yake tuna magoli yasiyo na mwanzo, mpira unatokea miguuni mwa mtu kana kwamba ulizaliwa hapo.

Ukirudi nyuma zaidi utakuta watu waliorekodi bila picha kabisa. Gemu ya Doom ya 1993 iliandika vitufe tu: mara 35 kwa sekunde, baiti nne kila mara, dakika nzima haifiki kilobaiti tisa. Dakika ya megabiti 12 leo ni megabaiti 90. Ukiifungua rekodi ile kwenye toleo jingine la gemu, au ukiondoa vitufe katikati, mchezaji anaweza kuanza kugonga ukuta na kupigana na hewa, kwa hiyo kudanganya kwa mkasi hakukuwa rahisi. Mwaka 1997 kundi la Quake done Quick walimaliza gemu ya Quake nzima kwa ugumu wa juu kabisa kwa dakika 19 na sekunde 49, kisha wakaipiga picha upya kwa kamera za nje, kama sinema. Nyasi hakukuwa nazo. Utulivu wa kamera ulikuwepo.

Mengine sitayajadili. Kata kwenye filimbi, kamwe usikate kwenye goli. Mpira wa kurusha hauondolewi. Kamera iwe ya mbali, kimo cha wastani. Anayecheza kwa kamera ya karibu hajui anachorekodi. Marudio ni mara moja, pembe moja. Uso wako haumo. Goli lipewe walau pasi tano kabla yake, na kama halina pasi tano, si goli la kuhifadhi.

Sauti ni ya kutenganisha: OBS inakupa njia sita, gemu ikae kwenye yake na maiki kwenye yake, ili ukikohoa usimkohoze na mtangazaji. Lakini usiisafishe sauti yako mpaka ibaki kama ya benki. Jogoo akiwika nyuma, au muuza madafu akipita na baiskeli, mimi simkati mtu alama. Feni ya kompyuta inayonguruma ndiyo namkatia, kwa sababu inaniambia prosesa imezidiwa, na kwa hiyo najua mstari utaruka kabla sijautazama.

Usihukumu kamwe kwa nakala ya WhatsApp, ambayo inabana kila kitu. Omba faili halisi. Ukiambiwa limepotea, umeme ulikatika dakika ya 80, muulize alikuwa anahifadhi kwa muundo gani. MP4 ya kawaida huandika faharasa yake mwishoni, kwa hiyo ikikatizwa katikati haifunguki. MKV ingembakizia dakika zote 80, na OBS ingeigeuza kuwa MP4 kwa muda mfupi kutoka menyu ya Faili, bila kuigusa hata pikseli moja. Wanaocheza kwenye nyumba zenye umeme wa kubahatisha walishalijua hili zamani. Asiyelijua hajapoteza rekodi nyingi kiasi cha kuitwa mrekodi.