Gharika Pasipo Bahari: Kisasili cha Tumbainot na Uhakiki wa Miungu ya Maji

Utangulizi

Kutoka Kitengela hadi pwani ya Bahari ya Hindi ni zaidi ya kilomita 400. Kajiado ni nchi ya mbuga na vichaka vya miiba, na ziwa lake kubwa, Magadi, lina maji yasiyonyweka. Kwa hiyo mhakiki anayeshika orodha ya miungu ya Kiyunani na kuitafutia wenzi katika fasihi simulizi ya Wamaasai hukwama mapema: Zeus hupatiwa mwenzi, yaani Enkai, lakini Poseidon, mungu wa bahari, hukosa. Pengo hilo hufafanuliwa kwa jiografia: pasipo bahari hapana mungu wa bahari. Ufafanuzi huu si wa uongo, ila ni mfupi mno. Makala haya yanadai kwamba kasoro imo katika orodha, wala haimo katika fasihi ya Kajiado, na kwamba kisasili cha gharika cha Tumbainot, kikisomwa kwa makini, kinadhihirisha namna nyingine ya kuyawaza maji.

Mafungu ya ulimwengu

Orodha yenyewe ina asili yake. Katika kitabu cha 15 cha utenzi wa Homer, Iliad, Poseidon anakumbusha kwamba yeye na ndugu zake wawili walipiga kura: Zeus akapata mbingu, Hades akapata kuzimu, naye akapata bahari. Maji, basi, ni milki. Yana mwenyewe na yana mipaka. Ovid, mshairi wa Kirumi, anaufuata mgawanyo huo katika kitabu cha kwanza cha Metamorphoses. Jupiter anapoazimia kuwaangamiza wanadamu, mvua yake haitoshi. Ndugu yake Neptune anaikusanya mito, anaiamuru ifurike, kisha anaipiga ardhi kwa mkuki wake wa ncha tatu. Gharika inakuwa kazi ya ushirika baina ya wenye milki wawili.

Hata hivyo, sanaa ya Wayunani wenyewe haikuutenga uungu wa mbingu na wa bahari kwa uthabiti ambao orodha inaudhania. Sanamu mashuhuri iliyoopolewa baharini karibu na Rasi ya Artemision mwaka 1926 na 1928, ambayo imehifadhiwa katika Makumbusho ya Taifa ya Akiolojia mjini Athens, inamwonyesha mungu aliyenyoosha mkono ili kurusha silaha. Silaha hiyo imepotea. Ikiwa ilikuwa radi, huyo ni Zeus. Ikiwa ilikuwa mkuki wa ncha tatu, ni Poseidon. Wataalamu wamelibishania jambo hilo kwa muda mrefu, kwa kuwa mwili, ndevu na mkao havitoshi kuamua. Tofauti ambayo orodha huifanya msingi wa kila kitu, katika sanamu hii ilitegemea kifaa kimoja kilichokuwa mkononi.

Rangi mbili za Enkai

Katika Kimaasai neno enkai hutaja Mungu, mbingu na mvua. Alfred Hollis, katika mkusanyo wake wa mwaka 1905, alichapisha masimulizi ya miungu wawili, mweusi na mwekundu. Mweusi anapendekeza watu wapewe maji kwa kuwa wanakufa njaa; mwekundu anakubali, lakini baada ya muda anataka mvua ikatwe. Nyasi zinapokauka tena, mweusi anaomba tena, na safari hii mwekundu anakataa na kutishia kuwaua watu. Radi inayopasuka karibu ni mwekundu anayejaribu kushuka duniani; ngurumo ya mbali ni mweusi anayemzuia. Masimulizi mengine huzichukulia rangi hizi kuwa nyuso mbili za Enkai mmoja: Enkai Narok, mweusi mwenye rehema, na Enkai Nanyokie, mwekundu mwenye ghadhabu.

Wawe wawili au awe mmoja, la kuzingatiwa ni hoja wanayoibishania. Katika mabishano hayo hapana anayedai kwamba maji ni milki yake. Wanabishana juu ya kiasi cha maji, na juu ya kama watu waishi au wafe. Katika Homer ugomvi wa miungu ni wa mipaka. Hapa ni wa kutoa na kunyima. Mhakiki anayemwita Enkai "Zeus wa Wamaasai" huutwaa ugomvi wa pili na kuutia katika kauli za ule wa kwanza.

Mshale wa tumbusi

Kisasili cha Tumbainot kilichapishwa kwa Kijerumani mwaka 1904 na Moritz Merker, afisa wa jeshi la kikoloni la Wajerumani, ambaye alikikusanya kusini ya mpaka uliowagawa Wamaasai baina ya wakoloni wawili. Baada ya mtu kumuua mwenzake, Mungu anaazimia kuwaangamiza wanadamu. Tumbainot, mtu mwadilifu, anaamriwa kuunda safina na kuingia pamoja na wake zake, wanawe, wake za wanawe na wanyama wa kila namna. Mvua inanyesha hadi kila kitu kinaangamia. Tumbainot anamtuma njiwa, naye anarudi akiwa amechoka. Kisha anamtuma tumbusi, akiwa amemfunga mshale kwenye unyoya wa mkia. Jioni tumbusi anarudi bila mshale: ametua juu ya mzoga, na mshale umenasa. Maji yanapungua, safina inakwama mbugani, na pinde nne za mvua, mmoja katika kila pembe ya mbingu, zinatangaza kwamba ghadhabu imekwisha.

Wasomaji wamegawanyika pande mbili juu ya matini haya. Merker mwenyewe aliyatumia kudai kwamba Wamaasai wana asili moja na Waisraeli wa kale. Upande wa pili huyatupa, ukisema ni Biblia iliyovishwa shuka. Tahadhari ya upande huu ina haki, kwani mkusanyaji aliyekwisha kuwa na nadharia ya nasaba hupata kwa urahisi kile anachokitafuta. Lakini pande zote mbili zina kosa moja: huuliza kisasili kimetoka wapi, zisiulize kinafanya nini.

Hata tukichukulia kwamba kisa kimeazimwa, aliyekiazima hakukiacha kama kilivyokuwa. Katika Mwanzo habari njema huletwa na njiwa mwenye jani la mzeituni; nchi kavu hujulikana kwa mmea. Katika Tumbainot njiwa hashindi. Habari inaletwa na ndege wa mizoga, tena kwa kitu ambacho hakurudi nacho. Mfugaji humfahamu tumbusi kama ndege afuataye kiangazi, anayetua pale ng'ombe walipoangukia. Hapa ndege huyohuyo ndiye anayeashiria kwamba uhai utaendelea, na ushahidi wake ni maiti ya waliozama. Ukame na gharika vinakutana katika taswira moja, kama vile rehema na ghadhabu zinavyokutana katika mbingu moja. Taswira hiyo haiwezi kufahamika kwa orodha ya Kiyunani, maana orodha hiyo ingemtafuta Neptune, na katika matini haya Neptune hana kazi.

Hitimisho

Ukame wa mwaka 2020 hadi 2023 uliwaua ng'ombe wengi katika Kajiado, na mvua za Aprili na Mei 2024 zikaleta mafuriko hadi kwenye makazi ya watu Kitengela. Kwa hadhira ya huko, matukio haya hayahitaji miungu wawili wenye milki mbili. Jambo la kugawanywa kwa mafungu katika Kajiado limekuwa ardhi: sheria ya mwaka 1968 iliweka ranchi za vikundi, na baadaye ranchi nyingi zikakatwa kuwa vipande vyenye hati za watu binafsi. Mtafiti ajihadhari asiipeleke lugha ya hati katika masimulizi yaliyotangulia hati.

Kwa sababu hiyo, tasnifu zinazokusanya visasili vya maji katika eneo hili zingefaidika kwa kuliacha jedwali la miungu linganishi na kuanza na maswali matatu. Nani anatoa? Nani ananyima? Watu wanatambuaje kwamba ghadhabu imekwisha? Maswali hayo yaulizwe kwa Kimaasai, na majibu yahifadhiwe kwa lugha hiyo, kwa kuwa neno enkai likishatafsiriwa kuwa "Mungu" tu, mvua imekwisha kupotea ndani yake.