Kamera Iliyokaa na Wazee

Jua la Turkana halimpi mpiga filamu nafasi ya kubahatisha. Mchana, kati ya Lodwar na Kakuma, mchanga wa laga, mto mkavu, unang'aa kushindana na mbingu, na mtu aliyejipumzisha chini ya mgunga uso wake uko gizani. Ukifungua lenzi kuufuata uso, mbingu inaungua, inabaki nyeupe tupu. Ukiiokoa mbingu, mtu anageuka kivuli. Wengi wameiokoa mbingu. Ndiyo maana Mturkana wa kwenye skrini mara nyingi ni umbo jeusi lenye fimbo, na machweo nyuma yake.

Mpiga filamu David MacDougall alichagua uso. Katika miaka ya 1970 yeye na mkewe Judith waliishi na kamera huku kaskazini-magharibi mwa Kenya, bwana akipiga picha, bibi akinasa sauti. Zikatoka filamu tatu: The Wedding Camels mwaka 1977, Lorang's Way mwaka 1979 na A Wife Among Wives mwaka 1981. Lorang ni mzee mwenye boma, aliyewahi kutumikia jeshi la mkoloni, akaona ya nje, kisha akarudi kwenye mifugo yake. Bintiye Akai anaposwa na Kongu, rafiki wa babake, na shughuli nzima inakwama kwenye idadi ya mifugo ya mahari. Hakuna mtangazaji wa kutufafanulia. Wazee wanabishana kwa Kiturkana chao, na tafsiri inapita chini kwa maandishi. Kamera haina haraka. Inamngoja hata aliyenyamaza.

Kungoja huko kulikuwa na bei. Mkebe wa futi 400 wa filamu ya milimita 16 huisha kwa dakika 11 hivi, na wazee wanaogombania ngamia hawajui habari hiyo. Ukiisha, mikono inaingia kwenye mfuko mweusi, vidole vinapapasa ukingo wa filamu bila kuona, jasho linatiririka, na chembe moja tu ya mchanga yaweza kuchora mkwaruzo mkebe mzima. Tena jioni huna cha kutazama. Mikebe lazima isafiri hadi maabara mbali. Mwanga uliukadiria sawa ama la, utajua baadaye. Nawavulia kofia mafundi wa namna hiyo kuliko wote waliotuletea machweo.

Katika eneo hilohilo, kambi ya wakimbizi ya Kakuma ilifunguliwa mwaka 1992. Mwaka 2001 likaingia FilmAid, shirika lililozaliwa mwaka 1999 huko Makedonia kuwaonyesha filamu wakimbizi wa Kosovo, Yugoslavia ilipokuwa ikisambaratika. Lilileta skrini kubwa za usiku, na baadaye likawafundisha vijana wa kambini kushika kamera wenyewe. Kadi za kidijitali zimeondoa shida ya dakika 11 (na zimeleta uvivu wake: kijana anarekodi kila kitu huku masikio yamelala). Vumbi na jua ni vilevile.

Lakini vijana hawa wana jambo ambalo MacDougall hakuwa nalo kila jioni: watazamaji wanaoketi mchangani, wanaomfahamu kila aliyepigwa picha, na ambao hawatangoja filamu iishe ndipo wapaze sauti kwamba aliyesema maneno yale ni shemeji, si mjomba.