Mguu wa Dalang

Anayetazama wayang kulit, mchezo wa vivuli wa kisiwa cha Java, kwa mara ya kwanza huisifu mikono ya dalang, mchezesha vikaragosi, na ana haki. Mtu mmoja ameketi mbele ya pazia jeupe tangu kama saa tatu usiku hadi alfajiri, anachezesha vikaragosi vya ngozi ya nyati na kutoa sauti zote: ya mfalme, ya jitu, ya Semar mzee mcheshi. Ila kinachouongoza usiku huo kiko chini, mguuni.

Kushoto kwake pana sanduku kubwa la mbao la kuwekea vikaragosi, na ubavuni mwa sanduku vimetundikwa vibamba vya chuma. Mkono ukiwa huru, hugonga sanduku kwa kinyundo cha mti. Mikono yote miwili ikishika wapiganaji, kazi hiyo huhamia kwenye vidole vya mguu wa kulia. Mpigo huo ni lugha. Mpiga ngoma wa gamelan, kundi la wanamuziki, huutegea sikio: anajua hapa wimbo uanze, hapa uende mbio, hapa ukatike. Na katika vita, kikaragosi ni ngozi bapa isiyo na uzito. Ngumi ikitua, chuma kinalia papo hapo, nasi tunaapa kwamba mtu kaumia.

Vikaragosi visivyochezeshwa huchomekwa kwa ncha ya mshikio kwenye mashina ya mgomba, waungwana kulia, wakorofi kushoto. Shina bichi hushika imara na kuachia bila kelele. Ubao gani ungeweza hivyo?

Kivuli nacho kina hesabu yake. Kikaragosi kikigusa pazia, kivuli hukolea; kikivutwa kuelekea taa, huvimba na kufifia, kama mtu anayetoweka. Zamani taa ilikuwa ya mafuta, mwali ukitikisika na vivuli vikipumua. Balbu ya umeme inaonyesha nakshi vizuri zaidi, lakini kivuli chake kimeganda. Mimi nahesabu hasara.

Ki Manteb Soedharsono, aliyefariki mwaka 2021, aliitwa “dalang shetani” kwa wepesi wa mikono yake. Wepesi huo bila mpigo wa mguu ungekuwa picha bubu tu.

Huko Java watazamaji wengi siku hizi hukaa upande wa dalang, si upande wa vivuli. Ukijaliwa kufika, keti nyuma yake, kushoto kidogo, uangalie vidole vya mguu.