Hesabu ya Dereva wa Semi

Dereva wa semi aliyekomaa hauamini mshale wa mafuta. Gari likipanda mlima unasema hili, likikaa tambarare unasema lile. Yeye anaamini daftari lake, na mimi ujuzi wa hilo daftari nauhusudu.

Kazi inaanzia sheli. Anajaza tenki mpaka shingoni, anangoja povu la dizeli litulie, anaongeza kidogo, kisha anaandika kilomita zinazosomeka kwenye dashibodi. Safari ikiisha anajaza tena mpaka palepale. Lita zilizoingia mara ya pili ndizo zilizoungua njiani. Hakuna cha kukisia. Kilomita gawa kwa lita, basi. Walio makini zaidi hurudi kwenye pampu ileile na kusimamisha gari vilevile, maana sakafu ikiinama kidogo tu, tenki hudanganya.

Utamu wenyewe uko kwenye safari ya kwenda na kurudi. Tuchukue Dar es Salaam hadi Tunduma, kama kilomita 930. Semi yenye shehena, tuseme inakwenda kilomita 2 kwa lita. Mlima Kitonga, kule Iringa, unapandwa kwa gia ndogo na hauna huruma. Ikirudi tupu, kilomita 3. Wastani wa safari nzima? Mwenye haraka atajibu 2.5, na bosi akitoa mafuta kwa hesabu hiyo atatoa lita 744.

Dereva haanzi na wastani. Anaanza na lita. Kwenda, 465. Kurudi, 310. Jumla 775. Kilomita 1,860 ukizigawa kwa lita hizo unapata 2.4. Zimepungua lita 31, na hakuna aliyezinyonya: ule upande wa shehena umekula mafuta mengi zaidi, kwa hiyo ndio unaouvuta wastani kuelekea kwake. (Ulaya hupima kinyume, lita kwa kilomita 100: hapo ni 50 kwenda na 33.3 kurudi. Kwa kuwa umbali ni uleule, ukizijumlisha na kugawa kwa mbili unapata 41.7, ambayo ni 2.4 yetu hiyohiyo.)

Daftari likishajaa kurasa, linaanza kusema mengine. Njia ileile, mzigo uleule, lakini 2 imeshuka ikawa 1.8. Dereva hapandishi sauti. Anapima upepo wa matairi, anafungua filta ya hewa iliyojaa vumbi, anasogeza mkono karibu na kila gurudumu asikie lipi lina joto kuliko mengine, maana breki iliyokamata nayo hunywa dizeli.

Mwenye gari, kabla hujamwita dereva wako mwizi wa mafuta, mwombe daftari lake, mkae, mpige hesabu pamoja.