Fundi wa Kunyima Sauti

Katika Ran, filamu ya Akira Kurosawa ya mwaka 1985, ngome inashambuliwa. Mishale inamiminika, moto unapanda, watu wanakufa vinywa wazi, wala hakuna kilio kinachosikika. Okestra peke yake ndiyo inayosikika, taratibu, ikiwalilia watu ambao hawajamaliza kufa. Ghafla bunduki inalia, mwana mkubwa wa mtawala anaporomoka kutoka juu ya farasi, na makelele yote ya vita yanarudi kwa mkupuo.

Muziki ule ni wa Toru Takemitsu (1930–1996). Kurosawa alitaka kitu chenye sura ya Mahler, na wawili hao walivutana. Mvutano wao tuwaachie wenyewe; sijaona vita vingine vya sinema vinavyotisha kiasi kile.

Takemitsu alijifunza muziki kwa sehemu kubwa peke yake, akatungia filamu zinazokaribia mia moja. Kwake mlio wowote ulikuwa mali ya mtunzi. Katika Kwaidan ya Masaki Kobayashi (1964), samurai anarudi kwa mke aliyemtelekeza, na nyumba mbovu inamvunjikia miguuni. Tunasikia mbao zikipasuka, ila mpasuko haufuatani na picha: jicho linaona sasa, sikio linachelewa. Hofu inaingia hapo katikati. Violini za kutetemeka, zile za filamu za kutisha, zingeiharibu kabisa. Na palipohitajika ala, hakuona haya kumleta mpiga biwa, ala ya nyuzi yenye unasaba wa mbali na udi wetu wa taarabu.

Kwenye filamu za hali halisi ndiko ninakomheshimu zaidi, kwa sababu huko kishawishi ni kikubwa. Msimulizi hutuambia tuone nini, muziki hutuambia tuhisi nini, na mtazamaji habakiwi na kazi. Antonio Gaudí ya Hiroshi Teshigahara (1984) karibu haina msimulizi. Tunazungushwa kwenye majengo ya Barcelona, na muziki wa Takemitsu haujitii ualimu.

Asidhaniwe kuwa alikuwa mtu wa huzuni tu. Mwaka 1959 Teshigahara alimrekodi bondia José Torres huko New York, na Takemitsu akamtungia muziki wenye damu ya jazi, wa mazoezi na wa mapumziko. Miaka zaidi ya thelathini baadaye aliupanga upya kwa okestra ya nyuzi, upigwe ukumbini pasipo picha yoyote. Bondia hayupo, lakini mguu wa msikilizaji bado unatafuta mapigo.